Miaka Sita ya Saa Tisa na Robo

Kilo ameigiza katika filamu ishirini na tatu, na watu waliozitazama zote, ukijumlisha na shangazi zake waliofungiwa sebuleni wasipate pa kukimbilia, hawajazi chumba kimoja. Katika mojawapo aliigiza polisi, na pia mwizi anayefukuzwa na polisi huyohuyo. Siku nzima alikimbia barabarani hadi kwenye kona, akarudi alikoanzia, akabadilisha kofia, akajifukuza. Katika nyingine alishika taa, akatunga muziki, akapikia waigizaji, na alipojilaza kidogo kupumzika wakampiga picha kama maiti ya dakika ya kumi na mbili, kwa sababu aliyepangiwa kuwa maiti alikuwa amechelewa. Hakuna kampuni iliyowahi kumwita. Filamu zote ni za marafiki, kamera moja ya kuazimana, na shuka jeupe lililotundikwa ukutani siku ya kuonyesha.

Kwenye muziki ndiko kabisa. Bendi yao hupiga chini ya ardhi, kwenye ghala la duka la magodoro, Jumamosi mchana duka likishafungwa. Mwenye duka ndiye mpiga gitaa zito, na aliwachagulia ghala hilo kwa hesabu nzuri: magodoro hunywa kelele, majirani hawasikii kitu. Ala zao ni gitaa hilo, cherehani iliyofungwa maikrofoni, bomba la maji, na chochote cha chuma atakachokiokota Kilo wiki hiyo. Wasikilizaji huketi juu ya magodoro yaliyo bado kwenye nailoni. Muziki ni wa kutisha, wa kugonga na kukwaruza, wa kukutoa roho. Na nusu ya watu hulala fofofo. Mwenye duka hajali. Kila baada ya onyesho huuza godoro moja au mawili.

Jina lenyewe la Kilo alilipata kwa kosa, na kosa hilo lilikaribia kumpotezea baba yake.

Mzee alikuwa mkaguzi wa vipimo wa wilaya. Kazi yake ilikuwa kuzunguka madukani na sokoni na sanduku la mbao lenye mawe ya mizani ya shaba, kuanzia gramu tano hadi kilo mbili, kila jiwe na shimo lake lililotandikwa mahameli. Mizani ya muuzaji isipokubaliana na mawe hayo, muuzaji anafungiwa duka. Ukimuuliza mzee saa, atakutajia mpaka sekunde. Mkewe alipojifungua, muuguzi alimpa pole na hongera, akamwambia mtoto ni wa kike, kilo tatu na ushee. Mzee akauliza ushee kiasi gani. Muuguzi akarudi kumpima mtoto upya.

Mtoto huyo wa kilo tatu na gramu mia mbili na kumi alipokua, baba alimpatia kazi ofisini kwake, kuandika barua na kutunza kabati la vipimo. Ufunguo akamkabidhi kwa mikono miwili. Na Kilo, ambaye wakati huo alikuwa bado na jina lake la kawaida, alitunza kabati lile vizuri sana kuanzia Jumatatu hadi Ijumaa. Ijumaa jioni alilibeba sanduku, akaenda nalo ghalani, akayapanga mawe ya shaba juu ya kipande cha zulia na kuyagonga kwa fimbo ya chuma. Lile la kilo mbili lililia muda mrefu, sauti nyembamba isiyotaka kuisha, mpaka mwenye duka la magodoro akavua kofia. Lile la kilo moja lilikuwa na sauti kavu, kwa hiyo alilazimika kuligonga kwa nguvu zaidi. Jumatatu asubuhi aliyarudisha, ameyafuta vumbi kwa kitambaa, yanang'aa.

Akafanya hivyo miezi saba.

Siku mgeni kutoka makao makuu alipofika na mawe yake mwenyewe, akaweka kilo yake upande huu na kilo ya mzee upande ule, mizani iliinama. Akageuza. Ikainama tena, upande ule ule wa kilo yake. Kilo ya wilaya ilikuwa imepungua gramu kumi na nne, zimemeguka punje kwa punje kwenye zulia la ghala. Na kwa miezi saba mzee alikuwa akipita na jiwe hilo, akiifundisha mizani yote ya wilaya kusema uongo. Waliokuwa wakipunja waliambiwa hongera. Waliokuwa sahihi walifungiwa maduka, na yeye mwenyewe ndiye aliyewafungia, kwa mkono wake, na mihuri.

Zilikuwa zimebaki wiki tatu astaafu. Sherehe ya kumuaga ilifanyika bila hotuba. Walikula, wakatazamana, wakaondoka. Baada ya hapo mzee aliazima mawe mapya na kwa miezi minne alitembea kwa miguu duka kwa duka, bila kutumwa na mtu, akirekebisha mizani moja baada ya nyingine na kuomba radhi. Alipomaliza duka la mwisho alirudi nyumbani, akaoga, akamwita binti yake sebuleni mbele ya mama yake.

"Kuanzia leo," akasema, "mimi na wewe hatuna maneno."

Halafu akatazama saa ya ukutani, ili aijue dakika.

Wengine wakisema hivyo humaanisha wiki mbili. Mzee alimaanisha alichosema. Kilo, kama ofisi ilivyomwita tangu siku ile ya mizani, alifukuzwa kazi, akajitosa mzima mzima kwenye filamu na bendi, akapanga chumba mtaa wa pili, na kila siku alikuja kumsaidia mama yake. Baba yake hakumfukuza wala hakumkunjia uso. Alimpa kiti, alimsogezea sahani. Ila maneno yote yalipita kwa mama. "Mwambie huyo mlango haujafungwa vizuri." "Mwambie huyo mvua inakuja, asiondoke sasa." Mama alikuwa katikati yao, mezani, akigeuza shingo huku na huku, na kila alichoambiwa alikirudia ingawa kila mtu alikuwa amekisikia. Miaka miwili shingo ile iligeuka. Ilifika mahali Kilo akawa anasubiri mama aende dukani, aje akae karibu na baba yake, amwambie mambo ya siku nzima, na mzee amsikilize kwa makini kabisa bila kujibu hata kwa kikohozi. Ilimuuma. Hakuwa mtu wa kulialia, lakini alikuwa akitoka pale anapitia ghalani na kugonga bomba la maji mpaka mikono inavimba.

Basi akaandika filamu. Ilikuwa fupi, ya mchana mmoja: mjane anarudi nyumbani kwa baba yake kuchukua sanduku la nguo, wanaongea kidogo, anaaga, anaondoka. Dakika kumi na tano. Aliiandikia sebule ya wazazi wake kwa sababu ndiyo sebule pekee asiyohitaji kuikodi. Yeye angekuwa mjane. Wa kuwa baba walimpata kinyozi mmoja mwenye sura ya huruma, na kushika kamera akamwita Mpasipoti, rafiki yake wa siku nyingi, anayepiga picha za pasipoti na vitambulisho kwenye kibanda kando ya ofisi ya wilaya. Ukimwona Mpasipoti kazini utamjua tu: kila mtu anamwambia ainue kidevu.

Siku ya kupiga, kinyozi alipata wateja, hakuja. Na mzee alikuwa kwenye kiti chake, anasubiri taarifa ya habari ya redio, na hakuwa na nia ya kuhama.

"Mama, mwambie baba tunaomba hicho kiti," Kilo akasema.

"Mwambie huyo kiti ni changu," mzee akajibu.

Mpasipoti, ambaye alikuwa na saa moja tu ya mapumziko ya mchana, alikuwa ameshawasha kamera. "Shikamoo, mzee," akasema. "Basi ukae hivyo hivyo. Tukupige tu kwa mbali. Usijali, hutasema chochote."

"Marahaba. Huyo ni nani kwenye hadithi yenu?"

"Nani, huyu? Ni mjane, mzee. Anauza vitambaa mji wa mbali."

"Si mwanangu?"

Mpasipoti alijikuna kichwa. "Kwenye hadithi ni binti wa mwenye nyumba. Lakini si huyu binti yako, hapana. Huyu hayumo."

Mzee akatafakari. Akazima redio. Mpasipoti akasema haya, piga, Kilo akaingia mlangoni na sura ya mjane, akasema maneno ya kwanza yaliyoandikwa, "Habari za hapa, baba," akitegemea kimya.

"Nzuri," mzee akasema. "Umekonda. Huko kwenye vitambaa hawakulishi?"

Kilo alisahau maneno yake yote. Miaka miwili hakuwa amesikia sauti hiyo ikielekezwa kwake. Akakaa chini, akajibu kwamba wanamlisha, ila kazi ni nyingi, na mzee akamuuliza kazi gani hasa, na wakaongea dakika ishirini na sita za vitambaa ambavyo wote wawili hawakuvijua hata kidogo. Mpasipoti akasema kata. Mzee akafunga mdomo, akawasha redio.

"Baba?" Kilo akasema.

Mzee akageukia jikoni. "Mwambie huyo anisogezee stuli."

Hivyo ndivyo ilivyoanza. Filamu ya dakika kumi na tano ilipigwa miaka sita.

Kwa sababu Kilo si mjinga. Aliona haraka kwamba hadithi ina mwisho mmoja tu, mjane kuaga, na akishaaga, ndiyo basi, kwaheri isiyo ya kuonana. Kwa hiyo mjane hakuaga. Kila wiki Kilo aliandika kipande kipya cha kumchelewesha. Mjane amepotewa na ufunguo wa sanduku. Mjane anasubiri mvua ikatike. Mjane amekumbuka jambo. Alishika sanduku mara mia, mara mia akaliweka chini. Mzee naye hakulalamika. Kinyume chake: siku ambayo Mpasipoti hakutokea, mzee alivaa shati la filamu, akakaa kwenye kiti tangu saa nne asubuhi, na ikifika saa saba anampigia simu mwenyewe. "Kijana, leo hupigi?" Mpasipoti angekuwa na foleni ya watu kumi wanaotaka vitambulisho, angewaambia wasubiri, wanasubiri, kidevu juu.

Shughuli zote za nyumba zikahamia kwenye filamu. Tangi la maji lilipoanza kuvuja, mama alimtuma Kilo akaulize fundi gani aitwe, na Kilo akasubiri hadi Alhamisi, kamera ilipowaka, mjane akasema, "Baba, naona tangi linavuja." Kuna dakika kumi na moja za picha safi kabisa zinazohusu boya la tangi. Kuna kipande mjane anasomewa barua ya kliniki ya macho. Kuna kingine, kirefu, mzee anamweleza mjane jinsi ya kupanga vitu kwenye mkoba mama yake asipate maumivu ya mgongo. Wapenzi wa filamu wakiona vile wangesema ni sanaa ya hali ya juu. Ilikuwa ni nyumba tu, inaendeshwa kwa kamera.

Lakini kumbuka, hadithi ni ya mchana mmoja. Kwa hiyo sebule haikuruhusiwa kubadilika. Saa ya ukutani ilisimamishwa saa tisa na robo. Kalenda haikufunuliwa. Kwenye sahani palikuwa na kipande cha mkate kilichoumwa mara moja, na kwa kuwa mkate haudumu miaka sita, mzee alikipaka vanishi, akakipima na rula: sentimita kumi na moja kutoka ukingo wa meza. Mjomba mmoja alikuja kusalimia, akakichukua bila kuuliza, akaondoka na jino mkononi. Mzee akakagua mkate kwanza. Yeye ndiye aliyekuwa msimamizi wa mambo hayo, wala hakuteuliwa na mtu. Kabla ya kila kipande alizunguka sebule na rula na daftari, akisogeza vitu nusu sentimita. Nywele zake zilipoanza kuwa nyeupe alizipaka rangi ya viatu. Shati lilipombana lilipasuliwa mgongoni na kushikwa kwa vibanio vya nguo, sita. Kilo alisuka mtindo uleule wa nywele miaka sita, mpaka msusi wake akaanza kumwonea huruma, akidhani ni ugonjwa.

Aliyeumia zaidi ni mama. Hakuruhusiwa kuhamisha kiti. Hakuruhusiwa kubadilisha mapazia, mapazia ya kijani yenye maua ambayo hakuyapenda hata siku alipoyanunua. Wageni walimwangalia kwa jicho la pembeni. Na kila kamera ilipowaka alikwama jikoni, hawezi kuosha chombo, hawezi kukohoa, maana sauti inaingia.

Siku moja asubuhi Kilo alifika akakuta madirisha wazi. Mama alikuwa uani, na mapazia alikuwa ameyaloweka kwenye beseni. Yalikuwa yamekaa juani miaka mingi mno. Mama alipoliinua la kwanza, nusu ilibaki majini. La pili liligeuka uji.

"Mama! Umefanya nini?"

"Nimefua."

"Mapazia ya filamu?"

"Mapazia yangu," mama akasema. Akakamua kilichobaki. "Mwanangu, nimeishi miaka sita saa tisa na robo. Wenzangu wana jioni. Mimi sina. Umri wangu unakwenda, saa haiendi."

Kilo akakaa kwenye ngazi ya nyuma. Kichwani alikuwa ameshaanza kupiga hesabu. Kitambaa kilichosalia kingefunika dirisha moja tu, lile dogo la karibu na mlango. Ukutani kote kungekuwa tupu. Kilichowezekana kupigwa ni mlango na dirisha hilo, basi. Na kilichobaki kupigwa mlangoni kilikuwa kimoja, kuaga.

"Unadhani sijui kwa nini mjane haagi?" mama akamuuliza, taratibu.

"Nikiaga, imekwisha. Hatasema na mimi tena."

"Labda atasema."

"Baba? Mama, unamjua baba. Baba akisema amesema."

Mama akainama kwenye beseni. Alimjua. Alitundika nusu ya pazia kwenye kamba, wakakaa wawili pale wakilitazama likikauka, na Kilo akalia waziwazi, bila kujificha, mwanamke wa miaka thelathini na minane na filamu ishirini na mbili zilizokwisha na moja isiyokwisha.

Walipiga siku ya pili yake, saa saba. Mzee aliambiwa na mkewe kwamba leo ni kuaga. Aliuliza tu kama sanduku limefutwa vumbi. Akapaka nywele rangi ya viatu, akajipanga kwenye kiti kilichosogezwa mlangoni, akapima. Mama akaenda jikoni, akabandika sufuria, akafunga mlango. Mpasipoti akasema haya, piga.

Kilo akashika sanduku. "Naondoka, baba," akasema.

Maneno ya mzee yalikuwa mawili, nenda salama. Yaliandikwa tangu mwanzo.

"Weka sanduku chini kwanza," mzee akasema. "Nataka kukuambia kitu."

Kilo akaliweka.

"Nina binti," mzee akaendelea, akimtazama mjane usoni. "Umri wako. Mnafanana hata. Aliwahi kunivunjia kilo yangu."

"Pole, baba," mjane akasema.

"Niliumia. Nilikwenda kwa muuza sukari mmoja niliyemfungia duka, nikamwambia wewe ndiye uliyekuwa sahihi. Akanicheka. Niliona aibu sana. Basi nikasema sitasema naye."

"Bado una hasira naye?"

"Hasira iliisha mwaka wa kwanza. Mwezi wa tisa, tarehe nne. Lakini nilikuwa nimeshasema." Mzee akashika goti lake, akaliachia. "Ningelirudishaje neno? Watu watasema huyu naye, kilo yake inapungua, neno lake linapungua. Nikawa namngoja aondoke mbali, pengine nimsahau. Haondoki. Anakuja kila siku, anaketi, anasimulia. Mimi nasikia yote."

Mjane alikuwa hayupo tena, alibaki Kilo na uso uliolowa.

"Nilikwenda kwenye ghala lao mara moja," mzee akasema. "Nilikaa kwenye ngazi, hawakuniona. Wengi walikuwa wamelala. Walikuwa wanapiga vyuma, sijui nini, kelele tupu. Lakini alipogonga kile cha mwisho nikajua anakitafuta kitu. Alikuwa anaitafuta sauti ya lile jiwe la kilo mbili. Hakuipata. Na mimi nimelibeba jiwe lile miaka thelathini na moja, sikuwahi kujua linalia. Binti yangu ndiye aliyejua. Ukimwona huko uendako, mwambie. Mwambie baba yake alisikia." Akaonyesha sanduku kwa kidole. "Haya. Nenda salama."

Kilo alichukua sanduku, akatoka, akasimama nje na mgongo ukutani. Alisikia "kata". Halafu hakusikia kitu. Ukimya ule ule alioujua. Akajiambia, ndiyo basi, angalau amesema, angalau ipo kwenye picha, nitaitazama mpaka nife.

"Mungu wangu," Mpasipoti akasema ndani.

Kilo akarudi mlangoni. Mpasipoti alikuwa amekumbatia kamera, macho mekundu kwa kulia, na sasa uso umepauka. Kadi ilikuwa imejaa. Ilikuwa imekaribia kujaa tangu mwanzo, hakuifuta, na taa nyekundu ilipozimika hakuiona kwa sababu alikuwa akilia. Akarudisha picha nyuma. Sebule, dirisha, nusu ya pazia. "Naondoka, baba." "Weka sanduku chini kw..." Giza.

"Imeishia hapo," akanong'ona. "Mzee, nisamehe. Tunaweza kurudia."

Mzee alitazama saa ya mkononi, maana ya ukutani haikuwa na faida. Midomo yake ilikuwa inahesabu.

"Kwa hiyo kamera haikuwa inapiga," akasema hatimaye.

"Haikuwa, mzee."

"Dakika tisa."

"Kama tisa hivi."

"Hakuna kama. Ni tisa." Akashusha mkono wenye saa. "Kwa hiyo sikuwa naongea na mjane. Kamera ikizimika hakuna mjane."

Mpasipoti akamtazama Kilo, akaona heri aanze kukunja miguu ya kamera, polepole, bila kelele, akairudisha kamera kwenye mkoba wake. Kilo alikuwa amesimama kizingitini na sanduku. Kazi nzuri kuliko zote alizowahi kuigiza ilikuwa imepotea dakika hiyo hiyo, na hakuijali hata kidogo. Alimtazama baba yake akipambana na hesabu.

Mzee akageuka. Hakugeukia jikoni. Akamgeukia yeye.

"Nimevunja," akasema.

"Ndiyo, baba."

"Miaka minane na miezi mitatu sikuvunja. Leo nimevunja dakika tisa nzima."

"Ndiyo, baba."

"Ofisini, kipimo kikipungua hata gramu moja, hatukitumii tena. Tunakiondoa kabisa." Akafungua vibanio vya mgongoni kimoja kimoja, akaviweka mezani. "Keti. Usinisimamie mlangoni na sanduku kama mgeni. Ile bendi yenu, watu wanalala kwa nini?"

Kilo akaketi sakafuni, palepale. Akamweleza. Mzee akabisha. Akamwambia lazima wawaondolee watu yale magodoro, Kilo akasema mwenye duka hatakubali, mzee akasema basi huyo si mpiga muziki, ni mfanyabiashara. Wakahama hapo wakaingia kwenye filamu ya polisi na mwizi, na mzee akataka kujua kofia ilibadilishwa mara ngapi. Mpasipoti alisahau kuondoka. Alikaa juu ya mkoba wa kamera, akiwasikiliza, wateja wake wakimngoja huko kibandani.

Ni mzee aliyeinua pua kwanza. Moshi ulikuwa unapita chini ya mlango wa jikoni.

Kilo aliruka akaufungua. Mama alikuwa amesimama katikati ya moshi, kanga mdomoni, machozi yanamtiririka, na juu ya jiko sufuria ilikuwa nyeusi ti, kilichokuwamo kimegeuka mkaa.

"Mama! Mbona huzimi?"

"Shh," mama akanong'ona, akimvuta mkono. "Nasikia bado anaongea. Nimeogopa kugusa jiko, nisije nikaharibu sauti."

"Mama, kamera imefungwa. Imefungwa kitambo."

Mama akachungulia sebuleni. Akaona miguu ya kamera imekunjwa, mkoba umekaliwa, na mzee kwenye kiti amegeukia jikoni, rangi ya viatu ikimtiririka shingoni.

"Sasa muda wote huu," mama akauliza, "alikuwa anaongea na nani?"